Staa, Rimu Zako za 18 Zinatuumiza Huku Uswahilini

Leo hamna ubuyu wa nani kaachana na nani, wala nani kavaa nini kwenye shoo ya juzi. Leo nina hasira na nimeamua nizitoe hapa hapa, maana ndo kijiwe changu. Atakayechukia achukie.

Kuna staa mmoja wa Bongo Fleva, jina silitaji na msinisumbue inboksi. Mwezi juzi alishusha video amesimama pembeni ya Toyota Premio nyeupe imepigwa rimu za inchi 18, nyeusi, zinang'aa mpaka unaona meno yako. Gari imelazwa chini hadi kidole hakipiti kati ya tairi na fenda. Chini ya video kaandika kwamba mwanaume anayetembelea rimu za kiwandani bado analishwa na mama yake. Afu kaweka namba ya duka, na punguzo kwa atakayetaja jina lake.

Tukacheka. Tukashea. Na mimi nikaipost humu humu, wengine mnakumbuka. Nisichowaambia ni kwamba nililipwa elfu hamsini kuipost. Nakiri leo mbele yenu. Hiyo elfu hamsini inaniwasha mpaka sasa.

Kwa sababu kaka yangu aliiona.

Huyu ni mtoto wa mama mkubwa, tumekua nyumba moja. Ana Premio ya sisii 1500 aliyoichukua kwa mkopo wa kikundi, anabeba abiria wa kuita kwenye simu. Gari ilikuja na 15 zake za kiwandani, tairi za kawaida, inatembea kama saa. Jamaa kaona video, kaona abiria wadada watampenda, kachukua laki tisa aliyoweka kwa ajili ya marejesho, kaenda kufunga 18. Rimu za mtumba zilizotoka kwenye Mark X, tairi 215/35R18, na spesa katikati ili zikae. Siku hiyo alinipigia simu ya video kunionyesha. Nikamwambia "kaka umetisha."

Wiki ya tatu, usiku, mvua imenyesha, anatoka Mbagala na mama mmoja na mtoto wake. Shimo limejaa maji, hulioni. Tairi la mbele kushoto likapasuka ubavuni, rimu ikakunjika, steringi ikamvuta, gari ikaenda kujibamiza kwenye ukingo wa mtaro. Mtoto alitoka mzima, Mungu mkubwa. Mama alivunjika mkono. Huyo mama anauza chapati asubuhi. Niambieni anasukuma chapati na mkono gani.

Sasa najua wajuaji mshaanza: "kosa la shimo hilo, siyo la rimu." Sawa. Shimo lina kosa lake, sibishi. Ila ngoja tupige hesabu, maana hii siyo mambo ya chuo kikuu. Mimi nimeishia fomu foo na nimeielewa kwa kalkuleta ya simu.

NAMBA ZA UBAVUNI

Tairi la Premio ya kaka lilikuwa limeandikwa 185/65R15. Hiyo 185 ni upana wa tairi kwa milimita. 65 ni asilimia: urefu wa ubavu ni asilimia 65 ya huo upana. Piga, unapata kama milimita 120. R ni aina ya tairi, redio, ndo tunazotumia wote. 15 ni ukubwa wa rimu kwa inchi.

Zile milimita 120 ndo godoro lako. Ndo mpira na upepo unaokaa kati ya chuma na barabara. Ukiingia kwenye shimo, huo ubavu unabonyea, unameza pigo, unarudi.

Sasa njoo kwenye 215/35R18. Asilimia 35 ya 215 ni milimita 75. Yani kaka alitoa godoro la milimita 120, akaweka la 75. Sentimita nne na nusu za kinga zimeondoka, na nafasi yake imechukuliwa na chuma. Ukiingia kwenye shimo hilo hilo, ubavu unaisha kubonyea mapema, rimu inaubana mpira dhidi ya ukingo wa shimo, nyuzi za ndani zinakatika. Hapo ndo tairi linapasuka. Siyo uchawi.

Kuna jingine watu hatuangalii kabisa. Baada ya ile saizi kuna namba kama 88 au 84. Hiyo ni namba ya mzigo. 88 maana yake tairi moja linabeba kilo 560. 84 ni kilo 500. Tairi za kiwandani za kaka zilikuwa 88, zile za mbwembwe zilikuwa 84. Kapoteza kilo 60 kila kona, na gari ni ya kubeba watu! Na hizo kilo 500 zenyewe unazipata ukijaza upepo mwingi kuliko stika ya Premio inavyosema, kwa sababu ni tairi la aina ya kuongezwa nguvu. Aliyemfungia alijaza upepo ule ule wa zamani.

KUKAA SIYO KUFAA

Fundi alimwambia "zinakaa hizo bosi." Ndo lugha yao. Ila kitu kukaa na kitu kufaa ni mambo mawili tofauti. Hata kiatu cha baba yako kinakaa.

Premio ina nati tano kwenye duara la milimita 100. Mark X ina nati tano kwenye duara la milimita 114.3. Haziingiliani. Ndo maana wanaweka ile spesa ya chuma: inafungwa kwenye habu ya gari, afu rimu inafungwa kwenye spesa. Tairi linasogea nje, linaanza kulamba fenda ukibeba watu wanne, na mzigo unaozikalia beringi unaongezeka. Tundu la katikati nalo halifanani: habu ya Premio ni milimita 54.1, rimu ya Mark X ina 60.1. Spesa ya kubahatisha ikiwa haishiki sawasawa hapo katikati, gari itatetemeka hata ufanye balansi mara kumi. Afu unalaumu shokapu.

Wengine wanakwepa ubavu mwembamba kwa kufunga 225/45R18. Nao wana yao. Tairi la kiwandani lina kimo cha sentimita 62 kutoka chini mpaka juu. Hilo la 225/45R18 lina karibu 66. Limezidi kwa asilimia 6. Maana yake kama mshale wako ulikuwa unasoma sahihi, sasa ukiona 80 kwenye dashibodi gari iko 85. Na eneo la makazi mwisho ni 50, ukiona 50 uko 53. Ukikutana na tochi, jieleze kwa afande na elfu thelathini yako mkononi. Ongeza uzito wa magurudumu makubwa kwenye injini ya sisii 1500, gari inakuwa nzito kuondoka na mafuta yanapanda. Kwa dereva wa abiria, hiyo ni hela ya mboga inayochomwa kila siku.

UBUYU KIDOGO, MAANA MMEUFUATA

Ile Premio ya kwenye video siyo ya staa. Mtu aliyekuwepo siku hiyo kaniambia ilikodiwa asubuhi, jioni ikarudishwa kwa mwenyewe. Staa mwenyewe anatembelea gari ya juu, tairi nene kama ngoma, akikuta shimo anapita kama hajaliona. Wewe anakuuzia milimita 75, yeye kakalia godoro.

Na yule mdada wa Instagram aliyeringishia 17 za dhahabu kwenye gari yake ndogo? Karudisha za kiwandani kimya kimya baada ya kupinda rimu mbili. Mbona hilo hakupost? Siku ya kufunga tuliona video tatu, siku ya kufungua hata stori hamna.

Ndo hasira yangu ilipo. Mtu kupendezesha gari yake kwa hela yake, ruksa. Ila unapochukua hela ya duka, ukamdhihaki kijana kwamba rimu za kiwandani ni za watoto wa mama, na hukumwambia hata neno moja kuhusu saizi, unakuwa umemuuza. Na mimi niliyepost nilikuwa dalali wako.

Najua komenti zinazokuja. "Wivu tu, nunua gari kwanza." Sina gari, kweli, napanda daladala. Ila abiria pia ana shingo. "Mbona mimi nina 18 mwaka wa pili hamna shida." Hongera. Kuna watu wanavuka reli wakiwa wamevaa spika za masikioni na wanafika. "Mbona Ulaya na Japani wanafunga." Wanafunga, wengi wao kwenye lami nyororo, na saizi iliyopigiwa hesabu. Wewe unatoka Goba kwenye makorongo unasema uko Tokyo.

KAMA UNATAKA KUPENDEZA, PENDEZA HIVI

Sijasema mkae na vikombe vya plastiki maisha yote. Sikia.

Fungua mlango wa dereva, angalia kwenye nguzo. Kuna stika, hata kama ni ya Kijapani namba zinasomeka. Premio na Allion za 2007 kuja juu, za sisii 1500 nyingi ni 185/65R15, za 1800 ni 195/65R15. Upepo umeandikwa hapo pia. Ukiona kipimo cha Kijapani cha kPa 220, ni kama 32 za kwenye geji zetu.

Unataka kupanda? Panda hatua moja, inchi 16. Kwa sisii 1500, 195/55R16 ina kimo karibu sawasawa na tairi lako la mwanzo, na ubavu unabaki milimita 107. Kwa 1800, 205/55R16 inakaa vizuri. Angalia namba ya mzigo isishuke chini ya ile ya stika. Hizo 195/55R16 nyingi ni 87, ila zipo za 91, tafuta hizo. Kimo chote kisizidi wala kupungua zaidi ya asilimia 3. Rimu ziwe za duara la 100 tangu zilipotengenezwa, siyo za kuungaunga, na kama tundu la katikati ni kubwa, dai pete zake.

17 zinawezekana, 205/45R17 au 215/45R17 hesabu ya kimo inakubali. Ila godoro linashuka hadi milimita 92 au 97, kwa hiyo ni za mtu anayejua njia zake na anayepima upepo kila wiki. 18 kwenye Premio kwa barabara za mtaani kwetu? Hapana.

Na tairi la mtumba usidanganywe na weusi. Ile ni dawa tu wanapaka. Tafuta namba nne za mwisho kwenye maandishi ya DOT. 2319 maana yake wiki ya 23 ya mwaka 2019. Kashata zinaweza kuwa nzuri kabisa huku mpira umeshazeeka ndani. Likishavuka miaka mitano, kagua kwa makini kila mwaka. Likifika kumi, hata likiwa zuri kama jipya, achana nalo.

MWISHO

Ile post nimeifuta. Elfu hamsini nimempelekea yule mama, haitoshi hata nusu ya alichopoteza, na aliipokea kwa mkono wa kushoto kwa sababu wa kulia uko kwenye plasta. Akaniambia "mwanangu, wewe hukuendesha." Ni kweli sikuendesha. Ila nilishangilia.

Kaka yangu sasa ni deiwaka kwenye gari ya mtu, Premio imelala gereji, na kikundi kinapiga simu kila Ijumaa.

Staa, najua unasoma humu, watu wako huwa wananitumia meseji nikikugusa. Sihitaji uombe radhi kwa kilio. Rudi kwenye ile video, andika chini saizi inayofaa kwa gari ile na utoe lile neno la mama. Dakika mbili tu. Usipofanya, tutajua hela ya duka ina thamani kwako kuliko mikono ya mashabiki wako.

Na nyie wadau, leo msinitukane bure. Nenda kwenye gari yako, au ya shemeji, au ya bosi, soma ubavu wa tairi, shusha hapo chini namba za tairi na aina ya gari. Nitakaa nazo na kalkuleta yangu, moja baada ya nyingine, bure. Nina deni.