Ati, Wanaabudu Moto!

Kuna neno linalotembea hapa Mangina, nami siwezi kulinyamazia.

Jumapili moja baada ya Misa, kijana wa kwetu alisimama kando ya turubai la kakao, akawasomea wenzake hadithi aliyoiandika katika daftari. Ilikuwa hadithi ya wachungaji wa jangwani, watu wasio na kijiji wala shamba, ambao huabudu moto. Hubeba kaa katika chungu, hulisujudia kila jioni, na mgeni akilizima, hata kwa bahati mbaya, huuawa. Kijana ana kipaji. Mimi mwenyewe nilisikiliza mpaka mwisho. Nikamwuliza: «Mwanangu, watu hao wanakaa wapi?» Akacheka: «Mwalimu, nimewatunga tu.»

Haya. Lakini juma halikupita, nikasikia sokoni watu wazima wakisema ya kuwa hiyo ndiyo dini ya Wambororo, wale wachungaji wa ng'ombe waliofika Uele. Ati, imeandikwa!

Kutunga hadithi si dhambi. Dhambi ni kuichukua hadithi na kumvika jirani kama nguo yake. Wambororo ni Wafulani, watu wa Saheli, na wengi wao ni Waislamu. Jioni huwasha moto zizini, moshi ukafukuza wadudu, ng'ombe wakajikusanya. Penye mwanga wa moto watoto wa Kifulani wamefundishwa Kurani tangu zamani. Basi mpita njia akiona kwa mbali watoto wameinama penye moto, atasema nini? Kule Uele kuna ugomvi wa kweli juu ya malisho na mashamba. Siufichi, na mkulima aliyeliwa mihogo yake na ng'ombe ana haki ya kulia. Lakini ugomvi wa malisho uamuliwe kama ugomvi wa malisho. Ya nini kuuongezea mungu wa uongo?

Mwingine atanijibu: «Mwalimu, hata hivyo dini ya moto ilikuwako duniani.» Ndiyo, najua anawaza Waajemi wa kale, wafuasi wa Zarathustra. Hao si wachungaji wa kuhamahama. Walikuwa na wafalme na miji mikubwa. Mungu wao humwita Ahura Mazda, na moto kwao ni ishara ya usafi na ukweli wake. Husali mbele ya moto, lakini wenyewe hukana kwamba wanauabudu. Sehemu yao walihamia Uhindi, wakaitwa Waparsi, na kutoka huko wengine wakaja Unguja, wakajenga hekalu lao. Mwimbaji Freddie Mercury, ambaye hata vijana wetu wanamjua, alizaliwa huko mwaka wa 1946 katika nyumba ya Waparsi. Watu wa kazi na biashara, wenye kodi na majirani. Wako wapi wale wa kumwua mgeni kwa sababu ya kaa?

Tena sikilizeni jambo hili. Kila mwaka, sikukuu ya Epifania, tunaweka pangoni sanamu za Mamajusi. Tunawapenda, watoto hugombania kuwabeba. Jina hilo Majusi limetoka wapi? Ni jina la makuhani wa Uajemi, na Waarabu waliwaita kwa jina hilo hilo watu wa dini ya Zarathustra. Tunawapigia magoti pamoja na Mtoto Yezu mwezi wa kwanza, na mwezi wa pili tunacheka «waabudu moto». Kichwa chetu kiko wapi?

Na kama ni wachungaji wa jangwani wenye moto, mimi ninawajua kweli. Walitembea miaka arobaini bila kijiji wala shamba. Usiku nguzo ya moto iliwatangulia. Mkubwa wao aliitwa kutoka katika kijiti kilichowaka, akavua viatu. Makuhani wao waliamriwa moto wa altare usizimike kamwe. Ndio Waisraeli! Kama mchuuzi wa Misri angaliwaona kutoka juu ya kilima, daftari lake lingalijaa maneno yale yale ya kijana wetu, na angaliapa kwamba ameona kwa macho.

Nasi je? Mgeni aje Jumamosi Kuu usiku. Atatukuta nje ya kanisa, gizani, tukizunguka moto. Atamwona padri akiubariki. Atatuona tukiufuata mshumaa mmoja mlangoni, tukiimba. Ndani ataona taa inayowaka mchana na usiku karibu na tabernakulo, na watu wakipiga magoti upande huo. Asiyeuliza ataandika nini? Wakristu wa kwanza walisingiziwa kwamba hula watoto wachanga. Tertullian wa Kartago alilazimika kulikanusha neno hilo kwa kitabu, kama mwaka wa 197.

Watu wa Mangina, sisi hasa hatuna ruhusa ya kuchezea uvumi. Tarehe 1 Agosti 2018 Ebola ilitangazwa hapa, na jina la kwetu likawa jina la ugonjwa midomoni mwa watu wasiojua hata Beni iko upande gani. Wengi wetu tulipita njiani tukaona watu wakitukwepa. Lakini sisi wenyewe pia tulisema: hakuna ugonjwa, ni biashara, waganga wanaleta kifo. Maneno tu, tulidhani. Mwezi wa Februari 2019 nyumba za kutibia wagonjwa zikachomwa, kwanza Katwa, halafu Butembo. Tarehe 19 Aprili daktari Richard Mouzoko, mtu wa Kameruni, akauawa kwa risasi Butembo. Ugonjwa ulipotangazwa kwisha, mwezi wa Juni 2020, wafu walikuwa 2,287. Huo wa Katwa ndio moto niliouogopa maishani mwangu, na waliouwasha hawakuwa wachungaji wa jangwani.

Kijana amenipa daftari lake nilisome tena. Sikumkataza kuandika. Nimemwagiza aandike juu ya ukurasa wa kwanza, kwa herufi kubwa, kwamba watu hawa hawako, kisha awasomee tena wale wale, mahali pale pale, kando ya kakao. Na Jumamosi Kuu aje mapema na kalamu yake, asimame mbali kidogo, kama mgeni.