Barafu, Moto au Mkono wa Mwenzio?

Natumaini viungo vyote viko mahali pake. Kama haviko, basi umefungua ukurasa unaokufaa, maana mwezi huu naongelea maumivu ya misuli: mgongo unaobana, shingo iliyokakamaa, na kile kifundo cha mguu ambacho mzee amerudi nacho kutoka kwenye bonanza la Jumapili.

Najua utauliza, haya na mapenzi wapi na wapi? Yanahusiana sana tu. Maumivu ya misuli hayana damu wala bandeji, kwa hiyo mwenzio hayaoni. Anachokiona ni mtu aliyenuna, kageukia ukutani, hataki kuguswa. Basi moyoni anaanza kupiga hesabu zake. Jamani, kuna ugomvi mwingi wa chumbani ambao chanzo chake si nyumba ndogo, ni kiuno.

Halafu kila nyumba ina daktari wake. Mama mkwe anasema maji ya moto. Shemeji mcheza mpira anasema barafu. Jirani anakuja na dawa yake ya kuchua. Wote wanaweza kuwa sahihi, na wote wanaweza kukuumiza. Inategemea umeumia nini na lini. Haya, tuchambue.

BARAFU NI YA JERAHA BICHI

Umeteguka sasa hivi, pamevimba, ukigusa pana joto. Hiyo ni zamu ya barafu. Baridi inasinyaza mishipa midogo ya damu na inapunguza kasi ya mishipa ya fahamu kupeleka habari ya maumivu kwenye ubongo. Kwa lugha ya mtaani, inatia ganzi. Kazi yake kubwa ni katika siku mbili za mwanzo.

Funga barafu kwenye kitambaa, weka dakika 10 hadi 20, kisha ondoa na uipumzishe ngozi saa mbili hivi kabla ya kurudia. Usiiweke moja kwa moja kwenye ngozi, maana barafu nayo inaunguza. Na usilale nayo. Huna friji? Barafu ya kifuko anayouza jirani inatosha kabisa, hata ikiwa ya ukwaju, mradi watoto wasiione.

Lakini usiifanye barafu kuwa dini. Mwaka 1978 daktari wa michezo wa Marekani, Gabe Mirkin, aliandika kanuni iliyovuma dunia nzima: pumzisha, weka barafu, funga bandeji, nyanyua mguu juu. Mwaka 2014 Mirkin huyo huyo akaandika kwamba barafu inaweza kuchelewesha kupona, kwa sababu ule uvimbe tunaouchukia ndio unaoleta chembe za kurekebisha jeraha. Kwa hiyo itumie kutuliza maumivu, basi. Usikae nayo wiki nzima ukidhani ndiyo inayoponya.

Na mwenye selimundu, ambayo wengi tunaiita siko seli, asiwekewe barafu. Baridi inaweza kumwamshia maumivu makali ya mwili. Vile vile mwenye kisukari ambaye miguu imeshaanza kufa ganzi, maana hatajua kama anaungua.

MOTO NI WA MISULI ILIYOKAZA

Shingo ya kompyuta. Mgongo wa kufua. Kiuno cha kukaa saa mbili kwenye foleni. Hapa hakuna uvimbe mpya, kuna misuli iliyokaza tu. Joto linatanua mishipa ya damu na kuilegeza misuli, na dada zangu wengi mnajua linavyosaidia tumbo la hedhi. Chupa ya maji ya moto iliyozungushiwa kanga, au taulo lililochovywa na kukamuliwa, dakika 15 hadi 20. Kipimo changu ni hiki: liwe joto la kufurahia, si la kuvumilia. Ukiona unauma meno, limezidi.

Usiweke joto juu ya uvimbe mbichi, kidonda, au ngozi yenye ganzi. Na ukishapaka dawa ya kuchua ile inayowasha, usiweke chupa ya moto juu yake, utaamka na malengelenge.

Vipi yale maumivu ya siku ya pili baada ya mazoezi, unashuka ngazi kama bibi wa miaka tisini? Hayo kwa kawaida yanapamba moto kati ya saa 24 na 72. Wengi tunaambiwa ni asidi iliyoganda kwenye misuli. Si kweli. Asidi ya laktiki inaondoka ndani ya saa moja hivi baada ya mazoezi. Kinachouma ni michubuko midogo sana ndani ya nyuzi za misuli, na inapona yenyewe. Joto kidogo, kutembea taratibu, kuchuliwa kidogo, siku chache yameisha.

Hapa niseme na mama zetu na mama wakwe, kwa heshima zote, shikamooni. Kumkanda mzazi ni mila yenye huruma ndani yake. Ni wiki ambazo mwanamke anahudumiwa na yeye. Lakini maji yanayochemka hayasafishi tumbo. Kizazi kinajirudi chenyewe, na mtoto anaponyonya kinazidi kujibana. Maji yale yanachoma ngozi, na mwenye mshono wa upasuaji ndiye aliye hatarini zaidi. Mkono wenu tunautaka, huduma tunaitaka, ila mvuke upungue.

MKONO WA MWENZIO

Sasa tufike kwenye utamu. Kuchua hakutoi sumu mwilini kama baadhi ya saluni zinavyotangaza. Kunachofanya ni kupunguza maumivu na kuilegeza misuli, na kumpa mtu utulivu. Kwa walio wawili, hiyo si kazi ndogo.

Huhitaji cheti. Pasha viganja kwa kuvisugua, paka mafuta kidogo, ya nazi yanatosha. Anza taratibu na kiganja kizima kabla ya kutumia vidole gumba. Kwenye miguu na mikono, vuta kuelekea moyoni. Kwenye mgongo pita pembeni ya uti wa mgongo, usikandamize mfupa wenyewe. Shingo ichue nyuma na mabegani tu, mbele achana nako. Dakika 10 au 15 zinatosha. Na uliza! "Hapa? Niongeze au nipunguze?" Kuna maumivu matamu ya msuli unaoachia, na kuna maumivu ya kuchoma. Akishtuka, acha.

Kaka zangu, neno moja. Si kila mgongo unaochuliwa ni mwaliko. Mwanamke akijua kwamba kila akisema "nichue" bei yake inajulikana, ataacha kusema, atalala na maumivu yake. Siku nyingine mchue, mfunike shuka, umwache alale. Utashangaa heshima itakayokurudia. Nasi dada zangu, tujifunze kusema "kiuno kinaniuma" badala ya kununa na kusubiri mtu aote. Na yeye pia ana mgongo. Wangapi kati yetu tumewahi kumuuliza?

MGUU MMOJA ULIOVIMBA

Mwaka 2019 shangazi yangu alikuja Dar es Salaam kwa basi kutoka Mwanza, siku nzima kiti kimoja, hanyooshi miguu. Siku ya tatu kigimbi cha kushoto kikavimba, kikawa cha moto, kinauma. Nyumba nzima ikakubaliana ni uchovu wa safari. Akaitwa mama mmoja wa mtaani, hodari wa kuchua, anayeheshimika. Alikuwa ameshapaka mafuta viganjani binti wa shangazi alipoingia. Huyu binti ni muuguzi. Akauangalia mguu ule, akauangalia wa pili, akasema, "Mama, naomba usimguse."

Kukawa na maneno. Mtoto wa juzi anamzuia mtu mzima? Shangazi mwenyewe akakasirika. Lakini binti hakuinua sauti wala hakusogea pale mkekani, mpaka teksi ikafika. Hospitali wakampima kwa mashine ya mawimbi ya sauti, wakakuta damu imeganda kwenye mshipa wa ndani wa mguu. Bonge kama lile linaweza kumeguka, likasafiri hadi kwenye mapafu na kuua. Kulichua ni kulisukuma. Shangazi alipewa dawa za kuzuia damu kuganda, akazimeza kwa miezi, na leo yuko Mwanza anagombana na kuku wake.

Mama wa kuchua hakuwa na kosa. Ukoo mzima tulisoma ule mguu vibaya, isipokuwa mmoja. Ndiyo maana naomba uikate orodha hii uibandike jikoni.

ACHA KILA KITU, NENDA HOSPITALI KAMA:

- Mguu mmoja tu umevimba, una joto na unauma, hasa baada ya safari ndefu, upasuaji au kujifungua.
- Maumivu yako kifuani, yanapanda kwenye taya au mkono, na unatoka jasho au kuhema.
- Mgongo unauma na miguu inakufa ganzi au kukosa nguvu, au haja zinakutoka bila kujua.
- Baada ya kazi nzito au mazoezi makali mkojo umekuwa na rangi ya chai ya rangi au kola.
- Umeumia na huwezi kukanyaga, au kiungo kimepinda. Hapo usikubali kuvutwa na mtu, pigwa picha kwanza.
- Mwili mzima unauma na una homa. Hiyo si ya kuchua, kapime malaria.

Zaidi ya hapo, mpenzi msomaji, dawa nyingi ziko nyumbani kwako: kipande cha barafu, chupa ya maji ya moto, na mkono wa mtu anayekupenda. Leo usiku muulize mwenzio swali dogo tu: "Wapi panakuuma?" Halafu sikiliza jibu lote. Ukikuta si misuli ndiyo inayouma, usishangae sana, hiyo nayo tutaiongelea.

Tukutane mwezi ujao panapo majaliwa. Jitunzeni, mtunzane.