Mtoto halali mapema? Mwombe akuchoree usiku wake

Mtoto wa dada yangu ana miaka minane na tayari ni mwenyekiti wa chama. Wanachama ni watatu, yeye na watoto wawili wa jirani, na kazi yao ni kuchunguza muda. Wazungu wa zamani walichora ramani za bahari na milima, wao wanachora saa. Alinieleza hayo bila kutabasamu nilipowatembelea Jumapili moja, kisha akatandaza karatasi sakafuni.

"Mama mdogo, hii ni siku yangu."

Asubuhi ilikuwa mlima. Shule ilikuwa kisiwa. Kwenye usiku nilitegemea kuona kitanda, lakini alikuwa amechora barabara ndefu yenye vituo: katuni, simu ya dada wa kazi, dirishani. Mwisho wa barabara kulikuwa na geti na mtu mwenye mkoba. "Huyu ni mama, anafika hapa," akasema. Kitanda alikiweka baada ya geti.

Dada yangu anasimamia mgahawa na hurudi saa nne na nusu usiku. Miezi yote hiyo aliamini mtoto analala saa mbili, na kwamba akimkuta macho ni kwa sababu ameshtuliwa na mlio wa geti. Kumbe mtoto alikuwa akimsubiri. Analala saa tano, anaamshwa saa kumi na moja alfajiri kuwahi basi la shule. Hizo ni saa sita tu za usingizi, wakati mtoto wa miaka 6 hadi 12 anahitaji saa 9 hadi 12 kila siku. Mwalimu alishaandika kwenye daftari kwamba anasinzia darasani. Sisi nyumbani tulimwita mvivu, na mimi nilikuwemo.

Wapo watu wazima waliofanya kazi kama ya chama chake. Mwaka 1962 Mfaransa Michel Siffre, mtaalamu wa miamba mwenye miaka 23, aliingia kwenye pango lenye baridi kali katika milima ya Alps akakaa miezi miwili bila saa wala mwanga wa jua. Alipiga simu kwa wenzake waliokuwa juu kila alipoamka, alipokula na alipotaka kulala, nao hawakuruhusiwa kumwambia ni saa ngapi. Alipotolewa Septemba 14, yeye alidhani ni Agosti 20. Akili yake ilipoteza siku 25, lakini mwili uliendelea kulala na kuamka kwa mzunguko unaozidi kidogo saa 24.

Maana yake ni kwamba ndani ya mwili kuna saa. Iko kwenye ubongo, na inarekebishwa zaidi na mwanga unaoingia machoni. Mwanga wa asubuhi huiwahisha. Mwanga mkali wa usiku, pamoja na wa simu na televisheni, huichelewesha, kwa kuwa huzuia melatonini, homoni inayouambia mwili kwamba usiku umeingia. Mtoto anayekesha na simu mpaka saa tano hawezi kusinzia saa mbili kesho yake kwa sababu tu umemkaripia.

Dada aliweza kuzima simu na katuni saa moja na nusu, na akafanya hivyo. Lakini kwa mtoto huyu simu haikuwa chanzo. Alikuwa anamtaka mama yake, na usiku ndio ulikuwa muda pekee wa kumpata. Kwa hiyo walihamisha muda wao. Sasa dada huamka saa kumi na moja, wanakunywa chai pamoja, na anamsindikiza mwenyewe hadi kituo cha basi, jua likichomoza. Saa moja na nusu usiku anapiga simu ya dakika tano kumtakia usiku mwema. Wiki ya kwanza mtoto alilia na kuendelea kuchungulia dirishani. Ya pili walisogeza muda wa kulala nyuma kwa dakika 15 kila baada ya siku chache. Sasa anasinzia kati ya saa mbili na saa mbili na nusu.

Mzazi mwenzangu, na nawajumuisha akina baba, jaribu wiki hii. Mpe mwanao karatasi akuchoree siku yake, hasa usiku, na usimkosoe anapochora. Muulize tu: hapa unafanya nini, na hapa unamsubiri nani?

Usimpe dawa ya mafua ili asinzie. Na kama anakoroma karibu kila usiku, anakatika pumzi usingizini, au analala saa za kutosha na bado anasinzia mchana, mpeleke kwa daktari.