Msemo Usio na Mwisho Wake

Watoto wetu huokota maneno kama kuku aokotavyo punje. Zamani tulijua wameyatoa wapi: kwa bibi, shuleni au kwa jirani. Siku hizi neno laweza kutoka India asubuhi, na jioni likawa sebuleni mwetu.

Tuchukue mfano mmoja. Mwezi wa Oktoba 2020 ilitolewa kwenye intaneti tamthilia ya Kihindi iitwayo Scam 1992, yenye sehemu 10. Inamhusu Harshad Mehta, dalali wa hisa wa mjini Bombay. Humo mhusika huyo husema, "Risk hai toh ishq hai", yaani penye hatari ndipo penye mapenzi. Hilo neno ishq ni ndugu wa ashiki yetu. Msemo ukaenea upesi. Vijana wa India wakautia katika picha za kuchekesha na video fupi, ukafika hata kwa wasioitazama tamthilia yenyewe.

Ni msemo mtamu, lakini kisa chake uliachwa nyuma. Mehta wa kweli alichota fedha za mabenki kwa udanganyifu, akanunua hisa hadi bei zikapaa. Mwaka 1992 mwanamama Sucheta Dalal, mwandishi wa habari, aliifichua siri hiyo gazetini. Bei zikaanguka, na watu wa kawaida waliofuata mkumbo wakapoteza akiba zao. Mehta mwenyewe alifariki Desemba 2001 akiwa kizuizini, mwenye umri wa miaka 47.

Wazee wetu walisema: tamaa mbele, mauti nyuma. Tazameni jinsi methali hiyo ilivyobeba mwanzo na mwisho pamoja. Msemo wa tamthilia umebeba mwanzo tu, na kijana anayeshawishika kuweka ada ya shule katika kamari ya simu hahitaji zaidi ya huo.

Je, tufanyeje? Tusikimbilie kugomba wala kunyang'anya simu. Mtoto akija na msemo mpya, tumwulize kwa upole: ni nani aliyeusema, na mwisho wake ulikuwaje? Asipojua, tukae naye tukitafute kisa chote. Jioni moja ya mazungumzo hayo itamfaa kuliko makemeo ya mwezi mzima.