Neno la Mhariri: Nyumba Isiyo na Mlango

Mtu ameuawa chumbani. Mlango umekomelewa kwa ndani, dirisha halijaguswa, na muuaji hayumo. Wafaransa wanaufahamu mchezo huu kwa zaidi ya karne, tangu Gaston Leroux alipoandika Le Mystère de la chambre jaune mwaka 1907. Paul Halter, mzaliwa wa Haguenau mkoani Alsace, alipata tuzo mwaka 1987 kwa La Quatrième Porte, na hajauacha mchezo huu tangu hapo. Kinachonichekesha ni kwamba Mfaransa huyu maiti zake nyingi huzilaza Uingereza, kwa kuwa anamhusudu Mmarekani John Dickson Carr, aliyefanya vivyo hivyo.

Nasi tulikwishategewa kitendawili cha nyumba isiyo na mlango tukiwa watoto. Jibu lake ni yai, na anayelikosa hana wa kumlaumu, maana hakufichwa kitu. Hadithi ya chumba kilichofungwa ni kitendawili cha kurasa mia mbili.

Hadithi za upelelezi zinazoletwa kwetu kutoka Bukoba na Muleba zina bastola, gari jeusi na mpelelezi aliyetumwa kutoka Dar es Salaam. Hayo ni mavuno ya Willy Gamba wa Elvis Musiba: tulipenda mbio, tukaacha kufikiri. Ninawasihi waandishi warudi kwa mpelelezi Bwana Msa. Katika Mzimu wa Watu wa Kale, Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar aliiweka maiti penye mzimu, wenyeji wakatetemeka, na Bwana Msa, kiko mdomoni, akamtafuta binadamu.

Chumba tunacho. Itazame mushonge, nyumba ya jadi ya Wahaya: duara la nyasi ambalo paa lake hushuka hadi chini likawa ndilo ukuta, mlango mmoja, dirisha hakuna. Mzee amekutwa amekufa ndani, mlango umezibwa kwa ndani, na nyasi zilizotandikwa mlangoni hazina alama ya mguu wa mgeni. Muuaji alipita wapi? Alipenya kwenye nyasi za ukuta, kisha akaziba kwa nje. Lakini moto wa jikoni umezitia masizi nyasi za zamani kwa miaka, na zile alizoongeza usiku ule ni safi. Mwandishi hodari atataja moshi na masizi kwenye kurasa za mwanzo, bibi akipika ndizi, na msomaji atapita bila kushtuka.

Kabla ya mpelelezi kufika kwenye hayo masizi, kijiji kitakuwa kimekwishapata jibu lake: uchawi. Ndiyo maana nauona mchezo huu kuwa na uzito zaidi kwetu kuliko Alsace. Kwa Halter mzuka ni kiungo cha kutisha, na wasomaji wanajua kwamba utafukuzwa mwishoni. Kanda ya Ziwa vikongwe wameuawa kwa sababu tu macho yao ni mekundu, macho yaliyoungua kwa moshi wa kuni. Hadithi inayomlazimisha msomaji aulize “ilifanyikaje?” kabla ya “nani mchawi?” si ya kupitishia muda tu.

Asiyetaka mushonge apande meli ya New Victoria jioni pale Mwanza: hadi Kemondo hakuna anayeshuka, na muuaji yumo humo melini akinywa chai na wenzake. Au aingie ghala la kahawa la chama cha msingi cha ushirika, kufuli zima, magunia pungufu. Hapo sihitaji kueleza zaidi, wakulima wanaelewa.

Kwa toleo lijalo tunapokea hadithi zisizozidi maneno elfu tatu. Bastola moja inaruhusiwa. Jini haruhusiwi kuwa jibu, wala pacha aliyejitokeza ukurasa wa mwisho. Dalili zote ziwe zimekwisha kusomwa kabla mpelelezi hajafungua mdomo. Tuleteeni.