Bata: Urithi wa Mama, Mali ya Ndugu

Juma hili tumependa kuzungumzia viatu, na kupitia viatu hivyo tuitazame mali ya familia.

Jina la Bata halihitaji kutambulishwa hapa Tunduma. Wazazi wetu walilifahamu kupitia raba za turubai za wanafunzi na mabuti ya safari yanayotoka katika kiwanda cha Limuru, Kenya. Wapo wanaodhani kuwa kampuni hii ilizaliwa Afrika Mashariki, maadamu jina lake linafanana na la ndege tunayemfuga. Hakika ni jina la ukoo.

Mwaka 1894, katika mji wa Zlín ulio leo katika Jamhuri ya Czech, ndugu watatu, Antonín, Anna na Tomáš Baťa, walifungua karakana ya viatu. Ukoo wao ulikuwa wa washona viatu kwa vizazi kadhaa, na mtaji wao ulitokana na urithi wa mama yao. Haukupita muda mrefu wakazama katika madeni. Tomáš alipokosa fedha za kununua ngozi za kutosha, alishona viatu kwa turubai. Viatu hivyo vyepesi na vya bei nafuu vikapendwa, na karakana ikasimama.

Antonín alifariki mwaka 1908, na Tomáš akaendelea na uongozi. Mwaka 1922, uchumi wa nchi yao ulipoyumba na wenye viwanda wengine wakifunga milango, yeye alipunguza bei ya viatu kwa nusu. Wateja wakamiminika. Alijenga nyumba, shule na hospitali kwa ajili ya wafanyakazi wake, na Zlín ukawa mji wa viatu.

Tarehe 12 Julai 1932 Tomáš alifariki katika ajali ya ndege. Mwanawe, aliyeitwa Tomáš kama baba yake, alikuwa na umri wa miaka 17. Uongozi ukashikwa na Jan Antonín, ndugu wa marehemu kwa baba. Hapo ndipo lilipozaliwa swali lililokuja kuitesa familia hiyo: mwenye mali ni nani? Jan Antonín alisema kuwa ndugu yake alikuwa amekwisha kumuuzia kampuni kabla ya kufa. Mjane na mtoto hawakukubaliana naye.

Vita Kuu ya Pili ikawatawanya. Kijana alihamia Canada, na ami yake akaishia Brazil. Mwaka 1945 serikali ya Chekoslovakia ikataifisha viwanda vya Zlín. Matawi ya nje yaliyosalia yakawa chanzo cha kesi katika mahakama za nchi kadhaa, kesi zilizoendelea hadi miaka ya 1960. Jan Antonín alifariki Brazil mwaka 1965, na kampuni ikabaki upande wa mtoto. Hata hapa kwetu mali hiyo ilipata mtihani: mwaka 1967, baada ya Azimio la Arusha, serikali ilichukua hisa nyingi za Bata nchini.

Vita na utaifishaji ni mambo ambayo familia haina uwezo wa kuyazuia. Mzozo wa ndugu, aghalabu, unazuilika.

Tuyatazame maduka yetu ya mpakani. Kaka analeta mzigo, mdogo wake anakaa dukani, na shemeji aliyeko Mbeya ametuma fedha. Mke aliuza dhahabu yake ili biashara ianze. Je, dhahabu ile ilikuwa zawadi, mkopo au hisa? Kijana aliyefanya kazi miaka 10 bila mshahara ni mshirika au alikuwa akimsaidia baba? Baba akiwa hai, maswali haya hayamsumbui mtu, kwani kila mmoja anakula na watoto wanasoma. Akifariki, majibu yote yanazikwa pamoja naye.

Sheria ya mirathi imepanga vizuri: gharama za maziko, madeni, wasia, kisha mafungu ya warithi. Lakini hakuna shekhe wala kadhi awezaye kugawa mali ambayo haijulikani ni ya marehemu au ya nani. Kinachogawanywa ni mali ya marehemu peke yake. Fungu la mshirika si mirathi, wala deni la mjane si la kuombewa huruma kwa warithi.

Wengi wetu huona haya kuandika. Mke akiuliza, huambiwa anamhesabia mumewe siku. Ndugu akitaka karatasi, huambiwa haamini damu yake. Ilhali dini yetu imetuagiza kuandika madeni na kuweka mashahidi, na haikuwavua ndugu agizo hilo.

Kwa hiyo tunapendekeza daftari moja kwa kila familia yenye biashara. Humo iandikwe nani alitoa nini na kwa makubaliano gani, nani anatudai na nani tunamdai, hata yule muuzaji wa Nakonde anayetukopesha kwa maneno matupu. Pawe na mashahidi wawili, na mke ajue daftari lilipo. Kazi hiyo yaweza kumalizika jioni moja baada ya Isha. Watoto wa Baťa waliitafuta karatasi yao mahakamani kwa miaka mingi.