Beni: msikiti haukuletwa na ADF

Jioni ya tarehe 1 Mei 2021, watu wenye silaha walimpiga risasi Sheikh Ali Amini ndani ya msikiti mjini Beni, wakati wa sala. Wakaaji walimjua kwa mahubiri yake ya kupinga wanaoua kwa jina la dini. Mwezi huohuo Sheikh mwingine, Moussa Djamali, akauawa Mavivi.

Ni ajabu basi kusikia leo, kati ya wahami na hata kati ya wenyeji wanaowapokea, kwamba msikiti ni jambo la ADF. Hapana. ADF ni waasi waliotoka Uganda miaka ya 1990, na mauaji makubwa ya Beni yalianza Oktoba 2014. Uislamu ulikuwa mashariki mwa Kongo kabla wazee wetu wa leo hawajazaliwa.

Mwanzo wake uko Maniema, katika miji ya zamani ya Nyangwe na Kasongo. Wafanyabiashara kutoka Zanzibar na pwani walifika huko wakitafuta pembe za ndovu na watumwa, nao wakaja na sala zao. Historia hiyo isifichwe. Tarehe 15 Julai 1871 watu wao waliwafyatulia risasi raia sokoni Nyangwe, wengi wao wanawake, Livingstone akiona kwa macho yake. Mwaka 1887 Stanley aliwakuta watu wa Kilonga-Longa wakipora vijiji katika msitu wa Ituri, msitu uleule unaofika hadi Beni. Anayesema babu zetu waliumizwa anasema kweli.

Lakini Kiswahili nacho kilipita njia hiyohiyo. Zamani kiliitwa Kingwana, kwa jina la watu wa misafara. Leo mama aliyekimbia kutoka Bapere, asiyejua Kinande vizuri, anaomba chumvi kwa jirani kwa Kiswahili, wala hakuna anayemfukuza kwa kusema lugha ya Tippu Tip! Kwa nini basi Mwislamu aliyezaliwa Beni alipishwe deni la watu wa misafara, halafu aongezewe na la ADF?

Wala serikali haikuwabeba Waislamu. Askari wa Leopold II waliichukua Kasongo Aprili 1893, na baadaye Wabelgiji waliendelea kuwashuku Waislamu. Shule za misheni zilipata pesa za serikali, za Waislamu hazikupata.

Redio za Butembo na Lubero zina kazi hapa, kuliko kurudia tu hesabu ya waliouawa. Kati ya wahami wamo wazee Waislamu. Walikimbia mapanga yaleyale, wanalala katika madarasa yaleyale. Wapewe maikro kabla hawajafia ugenini, waeleze misikiti ya mitaa yao: nani alitoa kiwanja, nani alifyatua matofali, jirani gani Mkristo alikuja kusaidia kubeba mbao. Vitu hivyo havikuandikwa popote, na mtaa ukihamwa vinapotea pamoja na mabati.

Na kwenye barieri, kijana mwenye kanzu aombwe kitambulisho kama wengine wote, kisha aachwe apite.